Nusu Nyumba

Asubuhi hiyo Dasom alikuwa anaosha kete. Zamu ilikuwa yake wiki nzima, na maji ya karai yalikuwa vuguvugu tu, maana jiko lote lilikuwa limeshikwa na sufuria ya supu. Nyeupe kwanza, halafu nyeusi. Nyeupe mia na themanini, nyeusi mia na themanini na moja. Unazisugua kwa kitambaa moja moja mpaka jasho la vidole vya watu litoke, halafu unazianika kwenye taulo. Wapo wanafunzi wanaoziosha harakaharaka kama wanaosha maharage. Dasom hakuwa hivyo. Alipenda kazi isiyomtaka mtu aseme kitu.

"We mtoto, utazimaliza rangi hizo," alisema mama mdogo wa jikoni. Shule nzima walimwita mama mdogo, ingawa hakuwa ndugu wa mtu yeyote. "Leo si ndiyo siku yenyewe?"

"Ndiyo, mama mdogo."

"Wewe na Garam."

"Ndiyo."

"Basi nimepika supu moja, mabakuli mawili, chipukizi za soya zimelingana. Sitaki nije nisikie nimempendelea mtu."

Dasom akatabasamu kidogo, kwa adabu. Alikuwa ameisubiri hofu tangu alfajiri, ikakataa kuja, akaona basi, labda itakuja akishakaa mbele ya ubao.

Shule yao ya baduk, mchezo wa kuzungushia nafasi za ubao kwa kete, ilikuwa ghorofa ya tatu, juu ya duka la miwani, hapo mjini Jeonju. Zamani ilikuwa na watoto arobaini. Sasa walibaki tisa, na wanne kati yao waliletwa na mama zao ili watulie tu, wasahau simu kwa saa mbili. Waliobaki walikuwa wanalala hapohapo na kucheza kuanzia asubuhi hadi jioni, kwa sababu wanataka kuwa wachezaji wa kulipwa. Kila mwaka shule ilipeleka jina moja tu Seoul kwenye mtihani. Jina moja. Na kanuni ya Mwalimu Pyo ilikuwa moja pia: ukifikisha miaka kumi na minane jina lako halijaenda, unafungasha, unarudi shule za kawaida kama watu wengine. Hakuisema kwa ukali. Aliisema kama mtu anayekuambia basi la mwisho linaondoka saa ngapi.

Dasom alikuwa na miaka kumi na sita. Garam angefikisha kumi na minane baada ya wiki tatu. Mchezo wao wa leo ndio ungeamua jina la kwenda.

Walikuwa chumba kimoja miaka mitano. Dasom alipoletwa, mtoto wa miaka kumi na moja, alikuwa haongei. Si bubu, haongei tu. Mwalimu wa shule ya msingi alimwandikia mama yake barua tatu. Garam akamtazama siku mbili, siku ya tatu akasema, "Huyu anaongea sana, ila kwa vidole." Akamkalisha mbele ya ubao, akamfunga vibaya sana, halafu akasema neno ambalo kila mcheza baduk analijua. Akasema, "Turudie."

Maana mchezo ukiisha haujaisha. Mnaufuta ubao, mnaanza upya, kete ya kwanza mpaka ya mwisho, kila mtu akiweka zake kwa kumbukumbu, kila kete pale pale ilipokuwa. Mkifika mahali mmoja hakupaelewa, anasimama na kuuliza: hapa ulikuwa unafikiria nini? Na mwenzie anajibu. Kwenye mchezo wenyewe unaruhusiwa kumdanganya mwenzio utakavyo. Jifanye mjinga, jifanye unaogopa, mtegee mtego, hakuna atakayekulaumu. Kwenye marudio hudanganyi. Hakuna mahali palipoandikwa hivyo. Ila ukidanganya kwenye marudio, mwenzio anajifunza uongo, na wewe pia.

"Hapa ulikuwa unafikiria nini?" Garam alimuuliza siku ile ya kwanza.

Dasom aliigusa kete moja kwa kidole, akaiacha. Halafu akasema, "Nilifikiri ukinikata hapa nitakufa."

"Na hapa?"

"Hapa nilishakufa. Nilikuwa nacheza tu."

Garam alicheka mpaka akaipiga sakafu kofi. Hivyo ndivyo Dasom alivyoanza kuongea na watu.

*

Walikaa saa tatu asubuhi. Chumba cha ndani, meza fupi, kila mtu na mto wake wa kukalia, sakafu imepashwa moto kwa chini. Mwalimu Pyo alikaa pembeni dakika kumi, akaangalia jinsi mchezo ulivyoanza, akaguna, akaondoka. Garam alikuwa na kete nyeusi. Mweusi huanza, kwa hiyo mweupe huongezewa nyumba sita na nusu mwishoni. Nyumba ni zile nafasi ulizozizungushia kete zako. Hiyo nusu haipo kwenye ubao, imewekwa ili watu wasitoke sare.

Garam alikuwa na tabia moja mbaya, na Mwalimu Pyo aliipigia kelele miaka yote. Akila kete za mwenzie hakuziweka kwenye kifuniko cha bakuli la kete kama inavyotakiwa. Alizishika mkononi, akizizungusha, klik klik klik, kama mtu anayehesabu dua.

"Weka mateka wako kwenye kifuniko," Mwalimu alikuwa akisema. "Siku moja watakutoroka."

"Watakwenda wapi, mwalimu? Hawana miguu."

Kete zilizoliwa si uchafu. Mwisho wa mchezo unazirudisha ndani ya nyumba za mwenzio, kila moja inamfutia nyumba moja. Kete moja, nyumba moja.

Mchezo ulikuwa mzuri. Dasom alijua ni mzuri vile mtu anavyojua chakula kina chumvi ya kutosha hata kama ana mafua. Kufikia saa sita walikuwa wameshamaliza vita vyote vikubwa, na saa ya mezani ilikuwa inawahesabia sekunde thelathini thelathini. Dasom alihesabu ubao. Akahesabu tena. Garam ndiye aliyemfundisha kuhesabu, jozi jozi, bila kusogeza midomo. Jibu lilikuwa lilelile: yuko nyuma kwa nusu nyumba.

Ilikuwa imebaki njia moja. Kwenye kona ya chini kulia palikuwa na mahali pa kuanzisha ugomvi. Ugomvi mbaya, ambao ungeweza kumpa nyumba mbili au kumnyang'anya kumi. Mtu aliye nyuma kwa nusu hana cha kuchagua. Aliinyanyua kete.

Hapo ndipo mkono wa Garam ulipofunguka kidogo. Alikuwa anajikuna goti. Kete moja nyeupe iliteleza katikati ya vidole vyake, ikatua kwenye ukingo wa mto, ikajiviringisha, ikaingia chini. Haikutoa sauti hata kidogo. Garam alikuwa anaitazama ile kona ya chini kulia, maana na yeye alikuwa anavingoja vita.

"Sekunde kumi," saa ilisema.

Dasom alikuwa ameinamisha kichwa, kwa hiyo aliona vizuri. Nyumba moja imejificha chini ya mto wa Garam. Nyuma kwa nusu, ongeza moja, mbele kwa nusu.

"Tano. Nne."

Hakuwaza kwamba anafanya kitu. Baadaye alijaribu kulikumbuka wazo lenyewe, halikuwepo. Mkono ulikuwa umeshaondoka kwenye ile kona. Uliiweka kete juu kushoto, mahali salama, padogo, mahali pa mtu anayefunga mlango ili alale.

Garam aliinua macho, akamtazama. Halafu akajibu. Wakamaliza, kete ishirini za mwisho, kama watu wanaokunja nguo.

Walipohesabu, Garam alizimwaga zile za mkononi, akazijaza kwenye nyumba za Dasom. Wakapanga kumikumi. Mweusi sitini na nne. Mweupe hamsini na nane, na sita na nusu.

"Nusu," alisema Garam.

"Nusu," alisema Dasom.

Mwalimu Pyo aliitwa, akaangalia ubao, akaleta karatasi. Wote wawili wakatia sahihi. Karatasi ikishatiwa sahihi imekwisha, haina marudio hiyo.

"Mechi kubwa," Mwalimu alisema. Alimshika Garam begani, akauacha mkono pale muda mrefu kidogo kuliko kawaida. Kwa Dasom akainamisha kichwa tu. "Fomu naipeleka Seoul leo. Mwisho wao saa kumi na mbili jioni. Nampigia mama yako sasa hivi." Akatoka na simu yake.

Dasom alijaribu kusimama. Mguu wa kushoto ulikuwa umekufa ganzi, saa tatu na nusu za kukalia. Akadhani furaha nayo itakuja hivyohivyo, kama damu inavyorudi mguuni, kwanza inachomachoma halafu inajaa.

"Turudie," alisema Garam.

"Mguu wangu, dada. Umekufa."

"Basi si ukae. Mguu uliokufa unakwenda wapi?"

Akakaa.

*

Garam alirudia haraka. Kete, kete, kete. Mara mbili alisimama, akaonyesha kosa lake mwenyewe, akajizomea. "Ona huyu ng'ombe. Ona alivyoingia mtegoni na pembe zake." Dasom akajibu alipoulizwa. Kwenye kete ya tisini Garam aliuliza, hapa ulikuwa unafikiria nini, na Dasom akasema kweli: "Nilifikiri umechoka, nikataka nikuchoshe zaidi."

"Shetani mdogo. Nilikuwa nimechoka kweli."

Wakaendelea. Kete ya mia na hamsini. Mia na themanini. Kisha Dasom akaiweka ile ya juu kushoto, taratibu, pale pale ilipokuwa, kwa sababu hakuna pengine pa kuiweka.

Garam hakuweka yake. Alikaa ameushika ubao kwa macho.

"Hapa," alisema. "Hapa ulikuwa nyuma kwa nusu."

Dasom aliusugua mguu wake.

"Ulikuwa umeshanyanyua kete ya huku chini. Nilikuona. Nilikuwa nimejiandaa, moyo unanidunda hapa shingoni. Halafu ukaenda kule juu ukafunga mlango. Mtu aliye nyuma hafungi mlango, Dasom. Anayefunga mlango ni aliye mbele." Hakuwa amekasirika. Alikuwa na ile sura yake ya kutaka kuelewa, ileile ya miaka mitano. "Ulikuwa unafikiria nini?"

Jikoni mama mdogo alikuwa anapiga kelele mtu ameacha friji wazi. Mwalimu Pyo alikuwa anacheka kwenye simu, "Ndiyo, mama Dasom, ndiyo, kwa nusu!"

"Nilihesabu vibaya, dada," alisema Dasom. "Nilidhani niko mbele."

Garam alimtazama. Yeye ndiye aliyemfundisha kuhesabu. Katika miaka mitano Dasom alikuwa amehesabu vibaya mara moja, akiwa na homa, na walilicheka kosa hilo mwaka mzima.

"Nilikula kumi na mbili," alisema Garam polepole. Alikuwa haongei na Dasom tena, alikuwa anaongea na ubao. "Tatu hapa. Mbili pale. Nne, hizi. Moja. Mbili. Kumi na mbili. Kwenye kuhesabu nilijaza kumi na moja." Akaufungua mkono wake mtupu, akautazama kama mkono wa mtu mwingine. Akanyanyuka nusu, akausogeza mto.

Aliiokota. Akaiangalia muda usiozidi pumzi moja. Akaitia kwenye bakuli la Dasom, ikagonga wenzake, tk.

"Mwalimu kaniambia miaka mitano," alisema.

Dasom alitaka kusema kitu. Kinywa kilikuwa pale, ulimi ulikuwa pale. Alikuwa mtoto wa miaka kumi na moja tena, na safari hii hapakuwa na wa kumsemesha.

"Haya." Garam aliufuta ubao kwa viganja viwili, nyeusi kwake, nyeupe kwa Dasom. Hawakumaliza marudio. Akainama mpaka chini, kama inavyotakiwa. "Asante kwa mchezo."

"Asante kwa mchezo, dada."

*

Baba yake Garam alifika saa tisa na gari lake la mizigo. Alikuwa mkulima wa mapea huko Naju, mtu mfupi mwenye sauti ya watu wanaoongea shambani. Alipanda ngazi na maboksi mawili ya mapea, moja la Mwalimu, moja la jikoni.

"Mama mdogo, haya ni ya kuomba radhi kwa wali wote aliokula huyu."

"Wali gani! Huyu anakula kama kuku. Ungeniachia huyu ukaninyang'anya wale wengine."

"Mchukue basi. Mimi nitabaki na mti wa kupogoa na mgongo wangu." Akamgeukia binti yake. "Haya, kete zimekwisha. Sasa utajifunza mkasi. Mkasi nao una marudio, ukikata tawi lisilo lake unalikumbuka mpaka mwakani."

Garam akacheka. Alicheka kabisa, na Dasom alimsikia akiwa mlangoni, amebeba blanketi la Garam. Mama mdogo akafuta macho kwa aproni, akasema ni kitunguu, na hakukuwa na kitunguu popote.

Dasom alishusha blanketi, akashusha begi la vitabu, akapanda, akashusha taa ya mezani. Mama yake alikuwa amempigia mara mbili kule juu, na mara zote mbili alikuwa amelia kwa furaha, na Dasom alikuwa amesema, "Ndiyo mama. Ndiyo. Nitakula." Alisikiliza kilio cha mama yake kama anavyosikiliza redio ya jirani.

Chini, kwenye gari, Garam alimfunga Dasom kola ya koti. Baridi ya Novemba ilikuwa imeanza.

"Seoul usiruke chai ya asubuhi," alisema. "Ukiwa na njaa unacheza kwa pupa."

"Ndiyo, dada."

"Na ongea na watu. Usiwaachie wakuzoee ulivyo."

"Ndiyo."

Garam alingoja. Dasom alijua anangojewa, na alijua ni neno gani. Baba mtu aliwasha gari. Garam akatikisa kichwa kidogo, akapanda, akafunga mlango kwa nguvu kwa sababu mlango ule haukufunga bila nguvu.

Dasom akarudi juu. Ngazi hamsini na nne.

*

Saa kumi na moja na robo alikuwa amekaa kwenye kitanda chake. Kitanda cha pili kilikuwa godoro tupu. Mwalimu Pyo alikuwa chumba cha pili anaandika fomu kwenye kompyuta kwa vidole viwili, na kila alipokosea alinong'ona, "Aisee."

Alipita mlangoni. "Dasom, tarehe yako ya kuzaliwa?"

Akamwambia.

"Unaumwa? Huna rangi."

"Nimechoka, mwalimu."

"Ni kawaida. Niliposhinda yangu nililala siku mbili." Alisimama, akakuna shingo. "Marudio mlifanya?"

"Tulifanya."

"Vizuri. Ule mchezo una mengi. Alikuuliza nini?"

Mlango ulikuwa wazi kabisa. Mwalimu Pyo hakuwa mtu wa kutisha. Angesikiliza, angevua miwani, angelifuta jina moja na kuandika lingine, na labda angemwambia Dasom kitu ambacho angekibeba miaka mingi, lakini kingekuwa kitu, kingekuwa na uzito.

"Aliuliza kuhusu kona ya chini kulia," alisema Dasom.

"Ee, nami niliishangaa hiyo. Kesho unionyeshe." Akarudi kwenye kompyuta yake.

Dasom akachukua simu. Akaandika, akafuta. Akaandika tena. Mwisho ulibaki hivi:

*Dada, niliiona ikianguka. Nilijua. Ndiyo maana sikupigana. Ukitaka nimwambie mwalimu kabla ya saa kumi na mbili, niambie, nitamwambia.*

Akautuma. Kando ya ujumbe ikakaa ile namba moja ndogo ya njano, inayokaa mpaka mwenzio afungue. Akausoma mwenyewe mara kadhaa. Mara ya tatu ndipo alipoona alichofanya: zamu ilikuwa yake, na ameisukuma tena upande wa Garam. Lakini ulikuwa umeshakwenda.

Saa kumi na moja na dakika ishirini na mbili ile namba moja ikatoweka.

Alisubiri. Jikoni palianza kunukia vitunguu vya majani. Watoto wale wanne wa kutulizwa walifika kwa darasa la jioni, wakavua viatu, wakagombania mabakuli ya kete zilizooshwa vizuri. Mmoja akasema, "Mimi mweupe!" mwingine akasema, "Jana ulikuwa mweupe, mwizi wewe!" Kete zikaanza kugonga.

Saa kumi na mbili kasoro dakika kumi Mwalimu Pyo aliita kutoka chumba cha pili. "Natuma, eh?"

Dasom akatazama kioo cha simu. Hakukuwa na kitu. Akaingoja hofu, au aibu, au hata ile furaha ya nusu nyumba. Akazisubiri zote kwa usawa, yoyote itakayowahi.

"Eh, mwalimu," alisema.

Akasikia kidole kikigonga kitufe. "Imekwenda."

"Dasom!" aliita mama mdogo. "Njoo ule, na uje na bakuli la supu la Garam, limebaki huko chumbani."

Alilitafuta chini ya kitanda, akalipata, akalichukua. Mlangoni akaitazama simu tena. Saa kumi na mbili na dakika nne. Garam alikuwa ameusoma. Hakujibu.